Siku Bi Hapohapo Aliposema Tutaona

Bi Hapohapo hakuliokota jina hilo barabarani. Katika Nyumba ya Mafungu, ambako kazi ya kila siku ni kukipa kila kitu fungu lake ili dunia zisimwagikiane, walikuwapo waainishaji waliomzidi umri, waliomzidi sauti, na mmoja aliyemzidi tumbo kwa mbali sana, lakini hakuna aliyemkaribia kwa wepesi. Wenzake wakiletewa kitu kilichoteleza kutoka dunia nyingine walikizunguka, wakakinusa, wakaomba chai, wakaitana pembeni kunong'ona. Yeye alikiwekea mkono, akakitazama mara moja, akasema, "Hapohapo," kisha akataja ni nini. Kitu kikatua. Haya, anayefuata!

Mafundisho ya Mafungu si magumu, ingawa wapo wanaoyafanya magumu ili waitwe wasomi. Dunia ni nyingi. Zimepangana kama vyumba vya nyumba moja ndefu, na kati ya chumba na chumba kuna ukuta. Ukuta huo haukujengwa kwa mawe wala saruji. Umesimama kwa sababu kila kitu kinajulikana ni nini. Kikombe ni kikombe, basi, tofali moja hilo. Punda ni punda, la pili. Kila kilichopo kina fungu moja la kwanza, yaani kile kilicho kabla ya kuwa kitu kingine chochote, na binadamu hawakusamehewa. Mtu anaweza kuwa fundi viatu, jirani, mkorofi na mume wa mtu, yote kwa siku moja, lakini kuna moja kati ya hayo ndilo la kwanza, na nyumba ikishika moto ndilo litakaloonekana.

Kisicho na fungu ni tundu ukutani. Ndiyo maana ndani ya Nyumba yako maneno mawili yasiyotamkwa hata kwa utani: "mengineyo" na "baadaye". Aliwahi kuwapo mfagizi aliyeweka kikapu cha mengineyo chini ya ngazi, kwa nia njema kabisa, na kulipokucha watu walikuta ngazi imeingia kikapuni.

Kila meza ya kazi ilikuwa na bakuli la maji, la kauri nyeupe. Fungu likitajwa sawasawa, kitu kilitua mezani kwa uzito wake wote na maji yakatulia. Fungu likikosewa, kitu kilielea unene wa ukucha juu ya meza, na maji yakatikisika kama yanamcheka mtu. Na kukiwa na ufa ukutani, popote pale mjini, maji yalilalia upande huo.

Kisha yupo Shahidi. Mafundisho yanasema fungu lililotajwa bila msikilizaji ni porojo tu, kwa hiyo kila mwainishaji huandamana na shahidi wake, ambaye kazi yake yote ni neno moja: "Nimesikia." Akishalitamka, fungu limefungwa na halifutiki, linaweza tu kuondolewa na jingine lenye ukweli zaidi. Shahidi wa Bi Hapohapo alikuwa bwana mnene, mpole, mpenda karanga, na alikuwa amelitamka neno lile mpaka likamganda ulimini. Mkewe akimwambia kesho ni zamu yake ya kuosha vyombo, alijibu, "Nimesikia," halafu akawa hana pa kutokea.

Asubuhi ya kisa hiki Bi Hapohapo aliingia kazini kifua mbele. Wiki hiyo alikuwa ametangazwa mkuu wa Nyumba nzima, na alasiri ya siku hiyohiyo mchukuzi alikuwa aje na mkokoteni kumhamishia katika nyumba ya mkuu, ile yenye roshani. Alikuta waainishaji wamejazana mlangoni mwa ukumbi, midomo wazi. Maji ya mabakuli yote yalikuwa yamelalia upande mmoja. Na si kidogo. Yalikuwa yamepanda ukingoni kama yanachungulia dirishani, na upande wa pili kauri ilikuwa kavu.

"Ufa huo," alisema yule mwenye tumbo, akijifuta jasho. "Tuitishe kikao."

"Itisheni," alisema Bi Hapohapo. "Mkimaliza mtakuta nimeshauziba."

Alichukua bakuli la meza yake, akampa Shahidi ishara ya kidevu, wakatoka.

Walishika njia, yeye mbele na bakuli mikononi, Shahidi nyuma akihema na mfuko wake wa karanga. Maji yakilalia kulia, walikwenda kulia. Watu waliwapisha, maana mji mzima ulijua kwamba mwainishaji akitembea na bakuli si wa kuamkiwa. Walipita safu ya mafundi cherehani, wakapita kinyozi, wakafika kwa fundi baiskeli, ambaye alikuwa amesimama nje ameishika pampu yake kwa ncha za vidole.

"Mama, nisaidie! Pampu imeota manyoya!"

Bi Hapohapo hakupunguza hata mwendo. Aliigusa tu. "Pampu ya baiskeli. Hapohapo."

"Nimesikia," alisema Shahidi.

Manyoya yakapukutika. Lakini hawajafika mbali walimsikia fundi akipiga kelele nyuma yao, "Yanaota tena!" na kwa mara ya kwanza siku hiyo Bi Hapohapo alikunja uso. Kitu alichokiweka yeye hakina tabia ya kurudi nyuma. Ufa wa kufanya hivyo haukuwa wa mchezo.

Kwenye kona ya duka la rangi, maji yaligeukia kushoto. Kwenye bomba la maji yaligeuka tena, na hapo Shahidi akaacha kutafuna, kwa sababu njia ile aliijua vizuri. Alikuwa amehudhuria arusi mwisho wa njia ile, na kisha msiba.

"Mkuu," alisema, "huku si kwa..."

"Najua huku ni kwa nani. Tembea."

Maji yaliwapeleka hadi mlango wa kijani wenye kufuli tatu, nyumba aliyoijenga marehemu mume wa Bi Hapohapo kwa mikono yake. Alikuwa fundi kufuli, mtu wa maneno machache, na alikuwa amezitia kufuli tatu kwa fahari tu, maana hakukuwa na cha kuibwa.

Ndani, sebuleni, aliketi mama wa huyo marehemu, miguu ameinyoosha, anagombana na kikombe. Bi Hapohapo alimwita Bi Mkubwa tangu siku ya kwanza ya ndoa na hakuwahi kumwita vingine. Yeye naye alimwita Bi Hapohapo mkamwana, hata baada ya mwana mwenyewe kuzikwa. Walikuwa wamebaki wawili ndani ya nyumba ile, wakipikiana chai na kusutana, na mtu aliyepita dirishani angedhani hawapendani.

"Umerudi saa hizi? Umeshafukuzwa?"

"Sijafukuzwa, Bi Mkubwa."

"Basi kitazame kikombe chako. Tangu nilipokitia chai kinalia kama mbuzi."

"Mee," kilisema kikombe.

Bi Hapohapo aliweka bakuli juu ya meza, akalisogeza kabati. Nyuma yake, kuanzia sakafuni, ukuta ulikuwa umepasuka na ufa umefika magotini, mpana wa kupitisha mkono. Aliinama akachungulia. Upande wa pili mto ulikuwa unapanda ngazi, na ngazi zilikuwa na masikio. Mvua ya vijiko ilikuwa ikinyesha. Kitu fulani kati ya punda na mlango kilifunguka, kikamtazama, kikajifunga. Hakukuwa na kilio kule wala kicheko, maana kila sauti ilikuwa imechanganyika na nyenzake mpaka imebaki mvumo mmoja usiokwisha. Aliijua dunia ile; alikuwa amefundisha habari zake. Ilikuwa na watu na mitaa kama hii ya kwetu, na kuharibika kwake kulianza na kikapu kimoja tu kama kile, chini ya ngazi ambacho hakuna aliyejali kukiondoa.

"Kuna kitu humu ndani hakina fungu," alisema akinyanyuka. Na macho yake yakaenda moja kwa moja kwenye mkebe.

Ulikuwa mkebe wa biskuti, wa bati, na Bi Mkubwa aliuweka chini ya kiti chake miaka yote. Ndani yake mlisikika makorokoro kila ulipotikiswa. Watu wa Nyumba hawaruhusiwi kuwa na mkebe wa namna hiyo hata majumbani mwao, na Bi Hapohapo alikuwa amejifanya hauoni kwa sababu ya amani. Sasa aliuvuta, akaumwaga wote mezani.

"We mkamwana! Una adabu kweli?"

"Kifungo cha shati. Hapohapo. Ufunguo usio na kufuli. Hapohapo. Miwani ya kioo kimoja. Filimbi. Kipande cha sabuni."

"Nimesikia, nimesikia, nimesikia," Shahidi alikuwa anamkimbilia.

Maji hayakutikisika wala kutulia. Yalibaki vilevile, yamelala.

"Umemaliza kupekua?" aliuliza Bi Mkubwa. "Hayo unayoyaona si makorokoro. Yote ni ya mwanangu. Ndilo fungu lake, na nililiweka mwenyewe bila bakuli wala mpambe."

Bi Hapohapo aliweka kiganja juu ya rundo zima. Kweli. Lilikuwa limetua zamani, zito kama nanga. Kifungo kile cheupe kilikuwa cha shati la arusi. Alikishona yeye mwenyewe, vibaya, na kilidondoka kabla wageni hawajaondoka. Alimpenda sana mtu yule, na hakuwahi kumwambia mara za kutosha.

Alirudisha vitu ndani ya mkebe kimoja kimoja, kwa adabu safari hii, akalinyanyua bakuli lake. Alitembea kwenda dirishani: maji yakalalia nyuma. Akazunguka kiti cha Bi Mkubwa, na maji yakawa yanageuka naye hatua kwa hatua, siku zote yakielekea katikati, yakielekea kwenye kiti.

"Mee," kilisema kikombe.

"Mkuu," alisema Shahidi kwa sauti ndogo. Karanga zilikuwa zimemwagika sakafuni na hakuziokota. "Mchukuzi."

"Mchukuzi kafanya nini?"

"Jana. Alipokuja kuangalia mizigo."

Hapo Bi Hapohapo akakumbuka. Mchukuzi alipita jana kuona kama mkokoteni mmoja utatosha. Yeye alitembea naye nyumba nzima, akigusa na kutaja kama kawaida yake: kitanda, kabati, masufuria, viti. Walipofika mlangoni mchukuzi alimwelekezea Bi Mkubwa kidole gumba, akauliza, "Na yule bibi?" Naye akajibu, huku akitafuta funguo, "Tutaona."

Tutaona! Neno ambalo si chochote ila "baadaye" iliyobadilisha nguo. Hata hivyo lingeweza kupita kama porojo nyingine yoyote.

"Na mimi nilikuwa nimesimama hapo," alisema Shahidi, amejifunika uso kwa viganja. "Na nikasema. Wallahi sikukusudia, Mkuu, ni mdomo tu. Nikasema nimesikia."

Kosa la namna hiyo asingeweza kulifanya mwuza nyanya wala dereva. Lilihitaji waainishaji waliobobea.

Ufa ulitoa mlio, ukapanda hadi kiunoni. Bi Hapohapo sasa aliona jambo lote tangu mwanzo. Bi Mkubwa alikuwa mama. Ndilo lilikuwa fungu lake la kwanza, na mwana alikuwa mmoja tu. Mwana alipokufa fungu lilibaki limeshikwa na nyumba, kwa kuwa ndani ya kuta zile, kati ya kufuli zile tatu, bado alikuwa mama wa mwenye nyumba. Uhamisho ulikuwa umeing'oa misumari. "Tutaona" ikamtupa nje kabisa.

"Kwa hiyo tundu lenyewe ni mimi," alisema Bi Mkubwa.

Kanuni aliijua kama sisi sote tunavyoijua: kitakachokosa fungu kabla ufa haujafika darini husukumwa upande wa pili, na ufa hujifunga wenyewe. Bi Hapohapo alikuwa amesukuma vingi kwa mkono wake. Saa iliyohesabu kurudi nyuma. Mbuzi mwenye vivuli viwili. Na mara moja bwana mmoja mcheshi ambaye hakuwa wa mtu yeyote, na usiku wake alilala usingizi wa kawaida tu.

"Hakuna wa kusukumwa hapa," alisema, akaliweka bakuli mezani, akakunja mikono ya gauni. "Nipe mkono wako, Bi Mkubwa. Shahidi, ziba mdomo mpaka nikwambie."

Shahidi akauziba, kwa mikono yote miwili.

"Mgeni."

Maji yakatikisika. "Mgeni gani anayejua unapoficha sukari?" alisema Bi Mkubwa.

"Mtegemezi."

Bakuli nusura liruke mezani. "Nani anamtegemea nani? Hilo gauni ulilovaa nani kalipiga pasi?"

"Mlinzi wa nyumba."

"Nalala kabla ya kuku!"

"Mpishi."

Maji yakamwagika hadi sakafuni, na Shahidi, ambaye aliwahi kula chakula cha Bi Mkubwa, akakohoa nyuma ya viganja vyake. Ufa ukafika kifuani. Kijiko kimoja kikapenya, kikaanguka chini, kikaota majani.

"Mama mkwe," alisema Bi Hapohapo, na sauti yake haikuwa ileile.

Maji yalisita. Yalianza kunyooka, yakakaribia kabisa, kisha yakatelezea kule kule. Fungu hilo lilikuwa na mtu wa katikati, na huyo wa katikati hakuwapo tena.

Ufa ukafika mabegani. Ilikuwa mara ya kwanza katika maisha yake Bi Hapohapo kuishiwa na maneno, na ukweli ni kwamba hakuwa ameishiwa. Lilikuwa limebaki moja. Alilijua tangu alipoona maji yanamwelekea yule bibi, na alikuwa amelipita mara zote tano kama mtu anayepita nyumba anayodaiwa.

Alikuwa mtoto wa kuokotwa. Aliachwa mlangoni mwa Nyumba akiwa hajui hata kukaa, na mkuu wa wakati ule akamweka juu ya meza. Alisema, "Mtoto," kitoto kikaelea, kwa maana hakukuwa na mtu upande wa pili wa neno hilo. Alisema, "Yatima," kikaelea. Alisema, "Mwainishaji," kikatua kwa kishindo, wakacheka, wakampa uji. Maisha yake yote alikisimulia kisa hicho kwa kujigamba. Na mkono wake ulikuwa na nguvu kwa sababu hiyohiyo: mkono wa mwainishaji huweka vitu maadamu Nyumba ndiyo fungu lake la kwanza, na likichukuliwa na jingine, unabaki mkono kama wa mtu yeyote. Mumewe alilijua hilo. "Mimi wa pili, meza ya kwanza," alikuwa akisema, na kucheka, ingawa si kila mara.

Na mafungu ya jamaa yana ncha mbili. Umama hauwezi kuwa fungu lako la kwanza kwa mtu ambaye kwake kuwa mwana ni la pili, linateleza. Ncha zote mbili ziwe za kwanza, au hakuna kitu.

Bi Mkubwa alikuwa amesimama. Alijifunga shali, akauweka mkebe kwapani.

"Sikiliza, mkamwana. Sijawahi kumwomba mtu nafasi, na sianzi leo. Kama hakuna fungu, hakuna. Nisije nikaangusha mji mzima kwa ajili ya magoti yangu haya mabovu. Huko angalau vijiko ni vya bure." Sauti ilitaka kumvunjika, akaikemea kwa kukohoa. Akaanza kutembea kuelekea ukutani.

"Mbona jana hukuniuliza kitu?" aliuliza Bi Hapohapo.

"Nikuulize nini?"

"Kama unakuja na mimi."

Bi Mkubwa akageuka, macho makali. "Nijialike mwenyewe? Wewe ndiye mwenye nyumba ya roshani. Mbona wewe hukuniuliza?"

"Niliogopa," alisema Bi Hapohapo. Neno lilimtoka kwa urahisi kuliko alivyotarajia. "Binti wa kaka yako ana chumba kitupu. Niliogopa utasema unakwenda kwake."

"Kwa yule mpiga domo? Afadhali vijiko!"

Ufa ukapanda juu ya vichwa vyao. Vumbi la dari likaanza kudondoka.

Basi Bi Hapohapo akafanya alivyozoea kufanya, yaani hapohapo. Alikwenda akapiga magoti sakafuni, katikati ya karanga, akaushika mkono wa Bi Mkubwa, akauweka juu ya kichwa chake mwenyewe.

"Niweke," alisema.

"Nikuweke wapi, mwanamke wewe?"

"Unajua wapi. Fungu la jamaa hutajwa na aliye mkubwa. Mkono wangu hauwezi kujiweka."

Shahidi akaondoa viganja mdomoni. "Mkuu, usifanye hivyo! Utapoteza mkono. Utamwaga unga leo leo!"

"Najua."

"Na ile nyumba yenye roshani," alisema Bi Mkubwa taratibu. Mkono wake haukuwa umeondoka.

"Najua."

"Nitakusumbua."

"Unanisumbua sasa."

"Nitakufa siku moja, tena si mbali. Utabaki na fungu la kulilia."

"Hilo nalijua kuliko yote," alisema Bi Hapohapo, na machozi yalikuwa yanamtoka waziwazi wala hakuyafuta. "Taja, Bi Mkubwa. Dari inaanguka."

Yule bibi alivuta pumzi. Akauweka mkebe chini, ili mkono wa pili nao uwe huru, akauleta kichwani pamoja na wa kwanza.

"Huyu," alisema, "ni mwanangu."

Maji yalinyooka. Hayakufanya haraka; yalishuka kutoka ukingoni mpaka yakawa sawa pande zote, na yakakaa. Wote watatu waliyatazama. Kisha wanawake wawili wakageuka kwa pamoja, maana chumba kilikuwa kimya mno, na Shahidi alikuwa amesimama pale analia kama arusini, hajasema kitu.

"Sema!" walimpigia kelele.

"Nimesikia! Nimesikia, jamani, nimesikia!"

Ufa ukajifunga kuanzia juu kuja chini, kama zipu. Kijiko kikapukutisha majani. Kikombe kikanyamaza, na chai ndani yake ilikuwa imeshapoa.

Bi Hapohapo alinyanyuka kutoka sakafuni. Kisha akafungua mkebe, akatoa kile kifungo cheupe, akakiweka mezani na kiganja juu yake. "Kifungo cha shati," alisema. Kifungo kikanyanyuka unene wa ukucha, kikaelea, na maji yakamcheka. Alijaribu mara nyingine. Kikaelea tena. Alidhani atasikia uchungu mkubwa, na uchungu ulikuwapo, lakini kitu kingine kilikuwa kimeshakaa mahali pake na hakikuwa na mpango wa kuhama. Alikirudisha kifungo ndani.

"Sasa nani atakuwa mkuu?" aliuliza Shahidi, akiokota karanga zake.

"Mwenye tumbo. Ana mkono mzuri, ila woga ndio unaomsumbua. Kesho nakuja kumfundisha. Mafundisho haya hayakuanza na mimi, hayatakufa na mimi, na kufundisha hakuhitaji mkono. Kunahitaji mdomo."

"Mdomo anao," alisema Bi Mkubwa, akielekea jikoni na kikombe. "Hilo nashuhudia mimi."

Alasiri mchukuzi alifika na mkokoteni wake mlangoni, kamba begani. Bi Hapohapo alimkuta nje, akamlipa usumbufu wake, akamwambia arudi tu kwa amani, hakuna anayehama. Mchukuzi alishangaa, akachungulia ndani.

"Na yule bibi? Jana ulisema tutaona."

"Tumeona," alisema Bi Hapohapo.

Shahidi alikuwa anaaga, amefika kwenye bomba la maji, sauti ilipotoka jikoni na kuujaza mtaa mzima. "We mtoto! Hii chai itachemka mpaka lini?"

"Nakuja, mama!"

"Nimesikia," alisema Shahidi, kwa mazoea tu, akaendelea na safari yake akitafuna karanga.